Vita vya Siffin: Namna Wenye Tarikh Walivyoviandika, na Namna Itupasavyo Kuvisoma

Kila sifa njema ni ya Mwenyiezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad na jamaa zake na sahaba zake wote. Ama baada ya hayo:

Watu wetu wa mwambao hupenda sana khabari za vita vya zamani. Husimuliwa barazani baada ya sala ya isha, na mara nyingi msimulizi hasemi ameitoa wapi khabari yake. Katika khabari za Badri Waislamu walikuwa safu moja mbele ya washirikina, na mwenye kuzidisha neno hapo atenda kosa, lakini hawagawanyi watu. Ama vita vya Waislamu kwa Waislamu, jambo lake ni zito zaidi. Neno moja lisilo na asili laweza kumfanya mtu amtukane sahaba wa Mtume, au amchukie jirani yake ambaye madhehebu yake huikumbuka siku ile kwa namna nyingine. Kwa ajili hiyo tumeandika somo hili.

FASLU YA KWANZA: Mambo wasiyokhitilafiana wenye tarikh

Jua, ewe ndugu yangu, ya kwamba Sayyidna Uthman aliuawa Madina mwaka 35 wa Hijra (656), na watu wakambai Sayyidna Ali. Muawiya bin Abi Sufyan, aliyekuwa liwali wa Shamu na jamaa ya Uthman, alikataa kumbai mpaka wauaji wa Uthman watolewe kisasi. Baada ya vita vya Ngamia karibu na Basra mwaka 36, jeshi la Iraki na jeshi la Shamu yalikutana Siffin, kando ya mto Furati, karibu na mji wa Raqqa. Mwezi wa Muharram wa mwaka 37 walisimamisha vita, kisha katika mwezi wa Safar (Julai 657) wakapigana vita vikubwa. Ammar bin Yasir aliuawa humo akiwa upande wa Ali. Watu wa Shamu wakainua misahafu juu ya mikuki, vita vikasimama, wakawekwa waamuzi wawili: Abu Musa al-Ash'ari na Amr bin al-As. Baadhi ya watu wa Ali waliukataa uamuzi huo, wakajitenga, na mwaka 38 (658) wakapigana naye Nahrawan.

Hayo ndiyo mashina. Matawi yake ndiyo yenye kutaka mizani.

FASLU YA PILI: Ni nani walioandika?

Hakuna kitabu kilichotufikia kilichoandikwa na mtu aliyeshuhudia vita hivyo kwa macho yake. Mwandishi ambaye riwaya zake zimeenea mno ni Abu Mikhnaf Lut bin Yahya wa Kufa, aliyekufa mwaka 157 (774), yaani miaka 120 baada ya vita. Mmoja wa mababu zake, Mikhnaf bin Sulaym, alikuwako Siffin na watu wa kabila la Azd upande wa Ali. Baada yake ni Nasr bin Muzahim, aliyekufa mwaka 212 (827), naye vilevile wa Kufa, aliyeandika kitabu kizima juu ya vita hivi peke yake. Khalifa bin Khayyat wa Basra, aliyekufa mwaka 240 (854), aliandika kwa ufupi sana.

Basi zingatia: Kufa ulikuwa mji wa wafuasi wa Ali. Wazee wa kila kabila walikumbuka mashujaa wao na maneno waliyoyanena siku ile, na wana wao wakayapokea. Ndiyo sababu twajua mengi ya safu za Iraki, na machache ya ndani ya safu za Shamu. Wahenga wamesema: msema pweke hakosi. Tena maimamu wa hadithi, kama Yahya bin Ma'in na adh-Dhahabi, walimdhoofisha Abu Mikhnaf. Maana yake si kwamba kila neno lake ni uwongo; maana yake ni kwamba neno lake peke yake halitoshi kumtia sahaba aibu.

Ama Imamu Ibn Jarir at-Tabari, aliyekufa mwaka 310 (923), yeye alikusanya riwaya zenye kugongana, na kila moja akaitaja na wapokezi wake. Katika dibaji yake alitahadharisha ya kwamba khabari atakayoichukia msomaji, asili yake ni kwa waliompokeza, si kwake yeye. Basi mtu akikwambia, "Tabari amesema," mwambie, "Kwa nani amepokea?"

FASLU YA TATU: Mifano mitatu

Mfano wa kwanza ni hesabu ya waliokufa. Imepokewa ya kwamba walikufa watu 70,000: wa Shamu 45,000 na wa Iraki 25,000. Ibn Khaldun, aliyekufa mwaka 808 (1406), amewalaumu wenye tarikh kwa kupokea hesabu za majeshi pasi na kuzipima: je, nchi ile yaweza kuwalisha watu hao? Je, safu zao zaweza kupangika? Kwa hiyo hesabu kama hii tuifahamu kuwa waliokufa ni wengi mno, wala tusiiapie.

Mfano wa pili ni khabari ya waamuzi. Husimuliwa ya kwamba waliafikiana kuwauzulu wote wawili. Abu Musa akatangulia akamuuzulu Ali, kisha Amr akasimama akamthubutisha Muawiya kwa hila. Kadhi Abu Bakr Ibn al-Arabi wa Andalusi, aliyekufa mwaka 543 (1148), ameikataa khabari hii. Nasi tukitazama twaona: Muawiya wakati ule alikuwa akidai kisasi, naye ni liwali, basi atauzuliwa katika ukhalifa upi? Na Abu Musa ni mtu aliyeaminiwa na Sayyidna Umar kuwa liwali wa Basra. Yawaje asimuliwe kama mjinga asiyejua neno? Lililothubutu ni kwamba waamuzi hawakuleta sulhu, na umma ulibaki pande mbili mpaka mwaka 41 (661), Sayyidna Hasan alipomwachia Muawiya amri.

Mfano wa tatu ni kifo cha Ammar. Hapa hatuna tarikh peke yake, bali tuna hadithi katika Sahihi ya Bukhari na ya Muslim ya kwamba Ammar atauawa na kundi lenye kuasi. Kwa hii maulamaa wa Sunna wamesema: haki ilikuwa kwa Ali, na waliompiga walikosea katika ijtihadi yao. Basi mwenye kusema "khabari zote za Siffin ni shaka" amekosea, kama alivyokosea mwenye kuzikubali zote.

FASLU YA NNE: Kumbukumbu za watu mbalimbali

Mashia huikumbuka Siffin kuwa ni vita vya Imamu na maadui zake. Maibadhi, nao ni watu wa Omani na wengi katika jamaa zao wa Unguja, uzito kwao uko katika ule uamuzi, na watu wa Nahrawan huwahesabu kuwa ni wazee wao waliotangulia. Sisi Masunni twasema haki ilikuwa kwa Ali, na ndimi zetu twazizuia kuwatukana sahaba. Katika zama za karibuni wataalamu wa Ulaya nao wameingia. Petersen wa Denmark alitoa kitabu mwaka 1964 akifuatilia namna masimulizi ya Ali na Muawiya yalivyogeuka kwa kufuata magomvi ya zama za waandishi wake. Kazi yao nayo hupimwa kwa mizani ile ile: nani amesema, na kwa dalili gani.

Na hapa petu watu hao wote hukaa mtaa mmoja, huuziana na huzikana. Msimulizi wa barazani asiyechunga ulimi wake huyavunja hayo kwa usiku mmoja.

FASLU YA TANO: Faida yake katika sharia

Labda utauliza: kwa nini tusiache kabisa kuzisoma khabari hizi? Jibu: kwa sababu hukumu za sharia zimetoka humo. Imamu wetu Shafii, aliyekufa mwaka 204 (820), mlango wa kupigana na waasi aliujenga juu ya mwendo wa Sayyidna Ali katika vita hivi: mwenye kukimbia hafuatwi, majeruhi hamaliziwi, mateka hauawi, na mali yao si ngawira. Mlango huo umo katika Minhaji ya Imamu Nawawi. Na msingi wake ni aya ya 9 ya Suratul Hujurat, ambayo imewaita Waumini makundi yote mawili ijapokuwa yapigana, na ikaamrisha wapatanishwe. Basi ikiwa aliyewapiga kwa upanga hakuwatoa katika Uislamu, wewe uliyekaa juu ya jamvi wawatoa kwa ruhusa ya nani?

Hifadhi maswali manne, na umuulize kila msimulizi: Nani amesema? Amepokea kwa nani? Alikuwa upande gani? Na je, akili na nchi yenyewe vyaikubali khabari hiyo? Asipokuwa na jawabu, mnyamazie kwa adabu, wala usiipeleke khabari yake kwa mwingine.

Twamwomba Mwenyiezi Mungu azisafishe nyoyo zetu na chuki kwa waliotutangulia katika imani, na azilinde ndimi zetu. Wallahu a'lam.