Somo la Tisa: Leseni ya Udereva Ikipotea



Wazee wetu walisema: "Mali bila daftari hupotea bila habari." Methali hii huambiwa zaidi wenye maduka. Lakini dereva naye inamhusu.

Leseni ya udereva ni kitu kidogo. Inaingia mfukoni, na inaweza kutoka mfukoni bila ya mwenyewe kujua. Lakini kitu hicho kidogo kinalisha nyumba nzima. Dereva wa gari ya abiria anakula kwa leseni. Dereva wa gari ya samaki anakula kwa leseni. Dereva wa bodaboda pia. Siku leseni inapopotea, gari inalala, na watoto wanauliza chakula.

Katika somo hili tutajifunza mambo matatu. Kwanza, tufanye nini kabla leseni haijapotea. Pili, tufanye nini siku ile ile inapopotea au kuibiwa. Tatu, twende wapi kupata nyingine. Hata kama wewe si dereva, soma somo hili. Huenda mume wako, mwanao au jirani yako ni dereva. Siku hiyo atahitaji mtu wa nyumbani anayejua kusoma.

MADEREVA WAWILI

Tuwafikirie madereva wawili wa shamba. Siku moja wote wawili wamefika Malindi, Mjini Unguja. Malindi ni mahala pa watu wengi. Hapo pana bandari, na boti za Dar es Salaam na Pemba hufika na kuondoka. Hapo pana soko la samaki. Wachukuzi wanapita na mizigo, wasafiri wanakimbilia boti, na kila mtu ana haraka zake. Katika msongamano huo, madereva wetu wote wawili wameibiwa pochi. Ndani ya kila pochi mlikuwa na leseni.

Dereva wa kwanza alijipapasa mifuko. Aliona haya, akanyamaza. Alisema moyoni: "Labda nimeiacha nyumbani." Akaendelea kuendesha gari. Siku ya tatu askari wa usalama barabarani akamsimamisha. Dereva hana leseni. Hana hati ya polisi. Namba ya leseni yake haijui. Askari atajuaje kwamba anasema kweli? Jioni akatokea mtu akamwambia: "Nipe fedha, mimi ninao watu wangu ofisini." Dereva akatoa fedha bila ya risiti. Yule mtu hakuonekana tena.

Dereva wa pili naye alijipapasa mifuko. Kisha aliazima simu akampigia mkewe. Mkewe ni mwanafunzi wa darasa la watu wazima. Alifungua daftari la nyumbani, akamsomea namba ya leseni, tarakimu moja moja. Dereva akaenda siku ile ile kituo cha polisi cha Malindi. Akaeleza, akaandikiwa. Alipofika ofisi ya leseni, alikuwa na namba, alikuwa na kivuli cha leseni, na alikuwa na hati ya polisi. Kazi yake ikawa nyepesi.

Je, dereva wa pili alikuwa na bahati? Hapana. Wote wawili waliibiwa. Tofauti yao ni mistari minne katika daftari, na mtu wa nyumbani aliyeweza kuisoma.

KABLA LESENI HAIJAPOTEA

Chukua daftari lako leo. Andika mambo haya manne:

1. Jina lako, kama lilivyoandikwa katika leseni.
2. Namba ya leseni.
3. Tarehe iliyotolewa na tarehe inayokwisha.
4. Aina ya magari unayoruhusiwa kuendesha.

Angalia sana jina. Mtu mmoja anaweza kuandikwa "Mohamed" katika leseni na "Muhammad" katika kitambulisho. Kwetu nyumbani ni jina moja. Ofisini yanaweza kuonekana ni majina ya watu wawili. Ukiona tofauti kama hiyo, uliza mapema namna ya kuisahihisha. Usingoje siku ya shida.

Baada ya kuandika, toa kivuli cha leseni, mbele na nyuma. Kiweke nyumbani pamoja na daftari. Wengine hupiga picha leseni kwa simu. Ni vizuri. Lakini mwizi anayechukua pochi anaweza kuchukua na simu. Kwa hiyo karatasi ya nyumbani bado ina kazi yake.

SIKU LESENI INAPOPOTEA

Kwanza, tafuta. Tazama katika gari, chini ya kiti, na katika nguo ulizovua. Lakini usitafute wiki nzima. Ukiona haipo, nenda kituo cha polisi siku ile ile. Kama imepotea Malindi, nenda kituo cha Malindi. Kama umegundua ukiwa umesharudi shamba, nenda kituo kilicho karibu nawe.

Kwa nini uharakishe? Leseni yako ina jina lako na picha yako. Ikiwa mikononi mwa mtu mbaya, anaweza kuitumia kwa udanganyifu. Taarifa yako ya polisi itaonyesha ni siku gani leseni ilitoka mikononi mwako.

Mweleze askari mambo haya: wewe ni nani, unakaa wapi, umepoteza nini, mahala gani, siku gani na saa ngapi. Sema kweli kama imepotea au imeibiwa. Kupotea na kuibiwa si jambo moja. Kitu kikiibiwa, polisi wana kazi ya kumtafuta mwizi. Kwa vitu vilivyopotea tu, siku hizi Jeshi la Polisi lina njia pia ya kupokea taarifa kwa intaneti. Kama huwezi kuitumia, nenda kituoni.

Maelezo yako yanaweza kuwa mafupi kama haya:

"Mimi, ................, mkaazi wa shehia ya ................, natoa taarifa kwamba tarehe ................, saa ................, nimepotelewa na leseni yangu ya udereva namba ................ . Mara ya mwisho nilikuwa nayo ................ . Nimeitafuta na sikuiona."

Askari akimaliza kuandika, usikimbilie kutia saini. Soma. Je, jina ni sawa? Namba ni sawa? Tarehe ni sawa? Kosa la tarakimu moja linaweza kukurudisha kituoni siku nyingine. Hukuelewa neno? Uliza. Kuuliza si aibu. Zamani wengi wetu tulitia dole gumba katika karatasi tusizojua zimesema nini. Leo tunasoma kwanza.

Omba namba ya taarifa yako, ile watu wanayoiita RB. Iandike katika daftari. Hati utakayopewa itunze, na itoe kivuli.

Kumbuka: hati ya polisi inaonyesha kwamba umetoa taarifa. Hati hiyo si leseni. Kabla ya kushika usukani tena, muulize askari kama unaruhusiwa kuendesha wakati unangoja leseni nyingine.

KUPATA LESENI NYINGINE

Hapa watu wengi huchanganya ofisi. Jeshi la Polisi ni jambo la Muungano. Ni jeshi moja, Bara na Visiwani. Lakini mambo ya barabara na leseni si ya Muungano. Bara wana sheria yao ya usalama barabarani, ya mwaka 1973. Zanzibar ina sheria yake.

Leseni za Bara hutolewa na Mamlaka ya Mapato Tanzania, yaani TRA. Kwa upande wa Zanzibar, kwa miaka mingi leseni zilitolewa na Bodi ya Mapato Zanzibar. Mwaka 2022 Bodi hiyo iligeuzwa kuwa Mamlaka ya Mapato Zanzibar, yaani ZRA. Ofisi za TRA zipo Unguja pia, kwa sababu kodi ya mapato na ushuru wa forodha ni mambo ya Muungano. Kwa hiyo soma kibao cha mlangoni vizuri. Herufi moja tu inaweza kukupotezea siku nzima.

Kanuni ni hii: leseni hurudishwa pale ilipotolewa. Tazama kivuli chako. Kitakuonyesha ofisi iliyotoa leseni. Ofisi hiyo ndiyo yenye kumbukumbu zako. Ukiwa kituo cha polisi, waulize pia dirisha la leseni lipo wapi sasa, ili usizunguke mji mzima.

Chukua hati ya polisi, kitambulisho chako, kivuli cha leseni na daftari lako. Ukiambiwa inahitajika barua ya sheha, nenda kwa sheha wako. Ada ulizia dirishani, si njiani. Malipo ya serikali siku hizi hulipwa kwa namba maalumu ya malipo, ile watu wanayoiita kontroli namba. Unalipa benki au kwa simu, na unapata risiti. Mtu anayetaka fedha mkononi bila ya namba na bila ya risiti ni kishoka. Mwepuke. Anaweza kukukimbia na fedha. Au anaweza kukuletea leseni ya uongo, na hapo wewe ndiwe utakayeshitakiwa.

MAMBO MATATU YA KUJIHADHARI

Kwanza, kama muda wa leseni umekwisha, usiseme imepotea. Hiyo inahitaji kuhuishwa. Na kama leseni imezuiliwa na polisi au mahakama, usiende kuomba nyingine kwa kusema imepotea. Kutoa taarifa ya uongo kwa polisi ni kosa la jinai.

Pili, ukipata leseni mpya kisha ukaiona ile ya zamani, ipeleke ofisini. Usitembee na leseni mbili.

Tatu, ukiokota leseni ya mtu, ipeleke polisi au kwa sheha. Kumbuka kwamba kuna gari imelala na watoto wanangoja.

MASWALI

1. Andika mambo manne ya leseni yanayofaa kuwekwa katika daftari.
2. Kwa nini dereva wa kwanza hakuaminiwa na askari?
3. Kuna tofauti gani baina ya kupotea na kuibiwa?
4. Kwa nini tusome kabla ya kutia saini?
5. Utamjuaje kishoka?

KAZI YA NYUMBANI

Andika upya maelezo ya polisi yaliyomo katika somo hili. Jaza nafasi zilizo wazi kana kwamba leseni ni yako. Kisha mtafute dereva mmoja wa kijijini kwenu. Muulize: "Namba ya leseni yako umeiandika wapi?" Akisema hajaiandika, kaa naye, umwandikie.

MANENO YA KUJIFUNZA

Kivuli: karatasi iliyotolewa kwa mashine kutokana na hati ya asili.
Kuhuisha: kuipa leseni muda mpya baada ya ule wa zamani kwisha.
Kishoka: mtu anayejifanya wakala wa ofisi ili achukue fedha za watu.
Kumbukumbu: habari zilizoandikwa na kuwekwa ofisini.