Uhamisho Uliokwama: Mambo ya Kufanya na Kutofanya Kabla ya Kwenda Mahakamani

Mwalimu aliyeomba uhamisho nchini Kenya kisha akanyamaziwa hapaswi kukaa akingoja huruma. Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinampa haki ya kuhudumiwa upesi na kwa haki. Sheria ya Utendaji wa Haki Kiutawala ya 2015 nayo inahesabu ucheleweshaji usio na msingi kuwa sababu tosha ya mahakama kuingilia kati. Lakini kesi nzuri huharibiwa na faili mbovu. Zingatia haya.

FANYA

1. Weka ushahidi wa kila hatua. Chapisha nakala ya ombi ulilotuma mtandaoni. Barua ya mkononi ipeleke nakala mbili: moja ibaki ofisini, nyingine urudi nayo ikiwa na muhuri wa kupokelewa na tarehe. Ukimya wa ofisi utahesabiwa kuanzia kwenye muhuri huo.

2. Dai sababu kwa maandishi. Ukiambiwa usubiri apatikane mwalimu wa kuchukua nafasi yako, taka maneno hayo yaandikwe na kutiwa sahihi. Kwa uamuzi uliokuumiza, sheria ya 2015 inaipa ofisi miezi 3 kutoa sababu. Ikikosa kuzitoa, uamuzi huo huchukuliwa kuwa hauna sababu nzuri hadi ithibitishe vinginevyo.

3. Maliza ngazi za ndani. Kata rufaa kunakostahili, shirikisha chama chako, KNUT au KUPPET, na upeleke malalamishi kwa Ombudsman. Ukiziruka njia za rufaa zilizowekwa kisheria bila sababu ya kipekee, mahakama itakurudisha ulikotoka.

4. Mshtaki anayehusika. Kwa Kifungu cha 237 cha Katiba, anayewapangia walimu vituo na kuwahamisha ni Tume ya Huduma za Walimu, TSC. Si Wizara ya Elimu, wala si mwalimu mkuu wako. Kesi ipeleke Mahakama ya Masuala ya Ajira na Leba.

5. Sisitiza muda. Sheria hiyo ya 2015 inataka ombi la mapitio ya mahakama liamuliwe ndani ya siku 90 tangu liwasilishwe. Wakili wako asikubali kuahirishwa ovyo.

USIFANYE

1. Usiondoke kituoni. Hata ombi lako liwe na haki kiasi gani, utoro kazini ni kosa la nidhamu. Ukiacha darasa, wewe ndiwe utakayejibu mashtaka.

2. Usimwombe jaji akuchagulie shule. Mwaka 1997, katika kesi ya Baraza la Mitihani la Kenya, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba amri ya kulazimisha humtaka mwenye wajibu autimize, lakini haimwamulii jinsi ya kuutimiza. Omba TSC ilazimishwe kutoa uamuzi, kwa tarehe maalumu.

3. Usilale. Uamuzi wa kukukatalia ukishatoka, ombi la kuubatilisha kwa amri ya mapitio lina kikomo cha miezi 6. Huwezi kulalamikia uzembe wa ofisi ilhali wewe mwenyewe umezembea.

4. Usitoe hongo, wala usimtume mwanasiasa apige simu kwa niaba yako. Hongo ni jinai. Uhamisho wa mlango wa nyuma humnyang'anya zamu yake mwenzako anayengoja kule Mandera au Turkana bila mtu wa kumsemea.

5. Usitie chumvi katika hati ya kiapo. Kama mgonjwa ni mama yako, usiandike kuwa ni wewe. Ambatisha ripoti ya daktari ilivyo. Uongo mmoja ukigunduliwa, hata ukweli wako utatiliwa shaka.

Na wewe afisa mwenye faili hilo mezani: mwalimu hakuombi fadhila. Kuna mtoto anayelelewa na jirani na mgonjwa anayekosa kliniki kwa sababu hujaamua. Ukikubali, andika umekubali. Ukikataa, andika umekataa, utoe sababu na utie sahihi. Usingoje jaji akuamuru kufanya kazi unayolipwa kuifanya.