Maana ya Neno Hawaa



Mtu abadiliye nia asubuhi na jioni husemwa kuwa afuata hawaa yake. Neno hili ni la Kiarabu, na wengi hulichanganya na mawili mengine. Hewa tuivutayo, mwisho wake katika Kiarabu ni hamza. Hawaa ya nafsi haina hamza, huandikwa kwa alifu yenye sura ya yee. Na Hawa, mama wa watu wote, herufi yake ya kwanza hutoka katikati ya koo, na ile ya hawaa hutoka mwisho wa koo, upande wa kifua. Basi asemaye ya kuwa hawaa imeitwa kwa jina la bibi huyo amemzulia.

Asili ya neno ni kuanguka kutoka juu. Tazama Suratu Nnajm: aya ya 1 yataja nyota ianguapo, na aya ya 3 yamtakasa Mtume s.a.w. kuwa hatamki kwa hawaa. Shina ni moja, na baina yao haikupita ila aya moja. Na Hawiya, iliyotajwa katika Suratul Qaria kuwa ni Moto, ni ya shina hilo hilo. Imamu Raghib al-Isfahani ameeleza ya kuwa hawaa imeitwa hivyo kwa kuwa humwangusha mwenyewe: duniani katika misiba, na akhera katika Hawiya.

Walakini si kila lipitalo moyoni huandikwa. Wanavyuoni wamelipanga kwa daraja tano: hajis, khatir, hadithu nnafs, hamm, na azm. Nne za mwanzo zimesamehewa. Azm, yaani kukata shauri, ndiyo yenye hesabu. Wala Suratu Nnaziat, aya ya 40, haikumsifu asiyekuwa na hawaa. Imemsifu aizuiaye nafsi yake nayo.

Hapa ndipo waume wengi huangukapo. Mtu arudi nyumbani na njaa, akute chungu hakijaiva, na ghafula moyo wamwambia: mwache. Hilo si talaka. Hata akiazimia moyoni usiku kucha, katika madhehebu ya Imamu Shafii mke hakuachika, maadamu ulimi haukutamka. Lakini akitamka lafudhi iliyo wazi, naye ana akili yake na hakulazimishwa, talaka imepita. Haulizwi nia, wala hasira si udhuru, wala mzaha, kwani Hadithi imehesabu talaka katika mambo matatu ambayo mzaha wake ni kweli. Ndiyo maana Mtume s.a.w. amemwamrisha aliyeghadhibika, akiwa amesimama, akae, isipomwondoka, alale.

Na akijuta kabla ya chakula kupoa? Ikiwa ni talaka ya kwanza au ya pili, si ya khului, na mke amekwisha kumwingilia, aweza kumrejea maadamu yu edani. Wala kurejea kwenyewe, kwetu sisi Mashafii, hakuwi kwa kumgusa wala kwa kunia, lazima atamke.