SOMO LA KOMPYUTA: DIRISHA LISILOFUNGUKA, SABABU ZAKE NA TIBA YAKE



Ndugu wanafunzi na wazazi wapenzi, siku hizi mambo mengi yanapitia kwenye intaneti: kuomba nafasi ya chuo, kujaza fomu, kulipa ada na kuchukua stakabadhi. Mara nyingi mtu hufika hatua ya mwisho, akabofya kitufe cha kufungua stakabadhi yake, na pasitokee kitu. Akibofya tena, kimya. Wapo wanaoondoka wakidhani ombi lao limekataliwa, na wapo wanaolipa mara ya pili. Yote mawili ni hasara, ilhali tatizo lenyewe aghalabu ni dogo. In shaa Allah, katika somo hili tutaeleza sababu zake na namna ya kulitatua.

1. MAANA YAKE

Kilugha, kuibuka ni kutokea juu ghafla, kama mzamiaji anavyoibuka majini. Ama katika istilahi ya kompyuta, dirisha ibukizi ni dirisha jipya ambalo tovuti hulifungua juu ya ukurasa unaousoma. Kwenye simu, mara nyingi hufunguka kama ukurasa mwingine kamili.

Usilichanganye na kisanduku kinachotokea ndani ya ukurasa uleule. Dirisha la kweli unaweza kulifunga peke yake na ukurasa wa kwanza ukabaki. Kisanduku kimeshikamana na ukurasa wake, ukiufunga ukurasa nacho kinaondoka. Somo letu linahusu lile la kwanza.

2. KWA NINI HUZUIWA?

Mwishoni mwa miaka ya 1990, Ethan Zuckerman, aliyekuwa akifanya kazi Tripod.com huko Marekani, aliandika programu ya kufungua tangazo katika dirisha lake peke yake. Kusudi lilikuwa tangazo lisikae ukurasa mmoja na maandishi ambayo mwenye tangazo asingependa kuhusishwa nayo. Njia hiyo ikaenea, na watu wakawa wanafungua ukurasa mmoja wakapata madirisha matano ya matangazo. Mwaka 2014 Zuckerman aliomba radhi hadharani.

Watengenezaji wa vivinjari, yaani programu za kufungulia tovuti, wakaweka kizuizi. Mwaka 2004 Microsoft iliweka kizuizi hicho katika Internet Explorer, na Firefox 1.0 iliyotoka mwaka huohuo ilikuwa nacho. Leo Chrome, Firefox, Safari na Edge zote huzuia bila ya wewe kuziagiza.

Kivinjari hutumia kipimo hiki: je, mtu amebofya? Dirisha likiombwa papo hapo baada ya kubofya, huruhusiwa. Likijifungua lenyewe, au likichelewa, huzuiwa. Hapa ndipo hata tovuti ya kuaminika inaponaswa. Unabofya, ukurasa unatuma ombi kwenye kompyuta ya mbali, unasubiri jibu, kisha ndipo unaomba dirisha. Mtandao ukiwa mzito, zinapita sekunde kadhaa, na kivinjari hakihesabu tena kwamba wewe ndiye uliyeliomba. Hivyo basi, stakabadhi iliyofunguka vizuri penye mtandao wa kasi yaweza kugoma nyumbani.

3. HATUA ZA KUFUATA

Kwanza: Usibofye tena haraka. Angalia kama dirisha limefunguka nyuma ya mengine, au kama faili limeshuka moja kwa moja katika sehemu ya vilivyopakuliwa.

Pili: Tazama sehemu ya juu inapoandikwa anwani ya tovuti. Chrome ya kwenye kompyuta huweka alama ndogo mwishoni mwa anwani, na Firefox huonyesha ukanda wenye ujumbe juu ya ukurasa. Bofya hapo, chagua kuruhusu tovuti hiyo, kisha bofya tena kitufe cha awali.

Tatu: Usipoona alama, ingia kwenye mipangilio. Katika Chrome, nenda sehemu ya mipangilio ya tovuti, kisha madirisha ibukizi, uongeze anwani ya tovuti unayoiamini. Kwenye iPhone, kizuizi kimo katika mipangilio ya Safari. Hicho huzima kwa tovuti zote, basi kirudishe ukimaliza.

Nne: Kama kivinjari kina nyongeza ya kuzuia matangazo, isimamishe kwa tovuti hiyo tu.

Tano: Kama uligusa kiungo ukiwa ndani ya programu kama Facebook, ukurasa huenda umefunguka humohumo, na humo madirisha mapya mara nyingi hayafunguki. Nakili anwani, uifungue kwenye kivinjari chenyewe.

Sita: Jaribu kivinjari kingine kilicho kipya. Ikishindikana kote, yumkini kosa ni la tovuti. Piga picha ya skrini, andika tarehe, saa na namba ya ombi lako, kisha wasiliana na ofisi husika kabla siku ya mwisho haijapita.

4. TAHADHARI

Jambo la malipo lina hukumu yake peke yake. Kutoiona stakabadhi si dalili kwamba pesa hazikufika. Kabla ya kulipa tena, soma ujumbe wa simu, angalia salio, na angalia orodha ya malipo katika akaunti yako.

Aidha, ruhusu tovuti moja unayoijua, usifungulie zote. Kizuizi ni kama komeo la mlango: mgeni mmoja akibisha, humfungulii yeye kwa kulivunja komeo. Dirisha likikuambia simu yako ina virusi, au umeshinda zawadi, lifunge. Usipige namba iliyoandikwa humo wala usiweke namba yako ya siri. Hata dirisha ulilolitarajia, soma anwani yake kwanza kabla ya kuandika neno la siri.

Na ukitumia kompyuta ya watu wote, toka kwenye akaunti yako na ufute faili ulilolipakua.

MASWALI

1. Taja tofauti kati ya dirisha ibukizi na kisanduku cha ndani ya ukurasa.
2. Kwa nini mtandao mzito unaweza kusababisha dirisha lizuiwe?
3. Umelipa ada na stakabadhi haikufunguka. Utafanya nini kabla ya kulipa tena?

Jibuni pamoja na wazazi wenu nyumbani, na mwenye kompyuta au simu ajaribu hatua hizi kwa vitendo kabla hajafikwa na haja.

Wabillahi tawfiq.