Mnyama Akibadili Tabia, Tafuta Ugonjwa Kwanza



Tukitembelea vikundi vya Kisii na Nyamira tunasikia maneno kama haya: "Huyu ng'ombe amekuwa mkorofi siku hizi." "Huyu mbwa ameharibika." Halafu fimbo inachukuliwa. Wengine husema ati jirani ameroga boma. Somo letu ni hili: mnyama hana mdomo wa kusema anaumwa. Tabia yake ndiyo maneno yake.

Ng'ombe anayepiga teke

Tuchukue mfano wa mama mwenye ng'ombe mmoja wa kufugiwa bandani. Jana ng'ombe alikuwa mpole, leo anapiga teke na kumwaga maziwa. Mama, kabla ya kumchapa, shika kiwele polepole. Kama upande mmoja umevimba, una moto au ni mgumu, huenda ni ugonjwa wa kiwele. Kamulia maziwa ya kwanza kwenye kikombe cheusi. Ukiona mabonge, majimaji au damu, ita daktari wa mifugo. Maziwa hayo usinywe wala usiuze, hata siku za dawa, mpaka daktari akubali.

Na yule anayelamba ukuta, kula udongo au kutafuna mifupa? Mara nyingi amekosa madini. Mpe chumvi ya mifugo, na umuulize daktari juu ya minyoo pia.

Mbwa aliyegeuka

Hapa ni jambo la uhai na kifo. Mbwa mpole anaanza kuuma ovyo. Au mbwa mkali anakuwa mnyonge na kujificha gizani. Sauti inabadilika, mate yanamtoka, kumeza kunamshinda. Watu husema amekwamwa na mfupa. Usitie mkono mdomoni! Huenda ni kichaa cha mbwa. Ng'ombe aliyeumwa na mbwa kama huyo naye hutoa mate na kulia ovyo. Usimguse, na asichinjwe kwa chakula.

Mtu akiumwa:

1. Osha kidonda mara moja kwa sabuni na maji yanayotiririka, dakika 15. Usipake majivu wala tumbaku.
2. Nenda hospitali siku hiyo hiyo. Usingoje kuona kama mbwa atakufa. Dalili zikishaanza kwa mtu, karibu hakuna anayepona.
3. Maliza sindano zote, hata kidonda kikipona.
4. Ita ofisi ya mifugo ichunguze mbwa.

Kinga ni kuchanja kila mbwa, kila mwaka. Mwaka 2014 Kenya iliweka mpango wa kumaliza vifo vya kichaa cha mbwa kufikia 2030. Hautatimia bila sisi vijijini.

Tusitafute mchawi

Tukumbuke Marani, Oktoba 2021: wamama wazee wanne waliuawa kwa kushukiwa uchawi. Neno la kushuku likianzia zizini, hatujui litaishia wapi. Afadhali kumwita daktari kuliko kumtaja jirani. Methali 12:10 inatufundisha kwamba mtu mwema hujali hali ya mnyama wake.

Maswali ya kujadili

1. Ni mnyama gani tuliyemchapa, kumbe alikuwa mgonjwa?
2. Mbwa wangapi wa wanakikundi wamechanjwa mwaka huu? Nani ataandika orodha?
3. Hospitali yenye sindano ya kichaa cha mbwa iko wapi, na nauli ni ngapi? Je, kikundi kiweke akiba ya dharura hiyo?