Somo la Wiki: Mtoto, Ndugu na Fomu ya Ukaazi



Jumamosi iliyopita tulikuwa kwenye maneno ya ukoo. Nilimwuliza mwanafunzi mmoja ana ndugu wangapi. Akajibu bila kusita, "Kumi na wanne." Mama yake, aliyewahi kuja kumchukua kwa sababu ya theluji, akacheka mpaka akakaa chini. "Mwalimu, huyo nimemzaa yeye na dada yake tu!" Wote wawili walisema kweli. Kwetu mtoto wa baba mdogo ni kaka, wala hakuna anayeuliza zaidi.

Fomu ya serikali, hata hivyo, inauliza zaidi. Najua kwa sababu iliniumbua. Nilipoomba ukaazi wa kudumu nilikuwa tayari naishi hapa Downsview kwa kibali cha kazi. Kwenye fomu ya taarifa za familia, ile yenye namba IMM 5406, niliandika kaka watano. Watatu walikuwa watoto wa baba mdogo. Baadaye ikaja barua: kwa nini kaka zako watatu wana baba na mama tofauti na wako? Niliisoma ndani ya basi la Keele nikitoka zamu ya usiku, moyo ukanidunda kama mtu aliyekamatwa na mali ya wizi. Ilinibidi niandike maelezo na kutafuta vyeti Tanga upya. Kosa lilikuwa langu, tena la lugha tu.

Basi tujifunze. Fomu hiyo ikisema kaka na dada, inamaanisha mliozaliwa na mama na baba mmoja, mliochangia mzazi mmoja, na wa kambo, yaani watoto ambao mzazi wako aliwakuta kwa mwenzi wake. Mtoto wa shangazi, wa mjomba, wa mama mkubwa au wa baba mdogo ni binamu, hapo haingii. Mtoto wa dada yako ni mpwa, hata kama anakuita mama na wewe ndiye uliyemlipia ada tangu chekechea. Mtoto wa kuasili ni yule aliyehalalishwa kwa sheria, si yule aliyeletwa na bibi akakua nyumbani. Naomba msinielewe vibaya: nyumbani endeleeni kumwita kaka, kaka. Sifundishi watoto wakate ukoo. Nafundisha kusoma swali.

Sasa sehemu ya watoto, na hapa nawaomba wazazi wasome taratibu. Kaka wa ziada alinigharimu barua moja. Mtoto aliyeachwa nje ya fomu anagharimu zaidi.

Namjua mama mmoja, na amenikubalia nieleze bila jina. Alikuwa na binti aliyebaki kwa bibi yake. Mtu wa kwao alimshauri asimwandike, eti faili litakuwa zito na litachelewa. Akishapata karatasi atamwita. Akapata karatasi. Alipotaka kumdhamini binti, akaambiwa hawezi, kwa kuwa hakumtaja wala mtoto hakupimwa wakati wa ombi lake. Hiyo ni kanuni ya 117(9)(d) ya uhamiaji wa Kanada. Mtoto yule yule aliyemzaa, mbele ya kanuni hiyo hakuhesabiwa kuwa wa familia yake. Miaka ilipita wakionana kwenye simu. Mwezi Septemba 2019 serikali ilianzisha utaratibu wa majaribio wa kuwafungulia mlango baadhi ya watu wa namna hiyo, wakiwemo waliopata ukaazi kama wakimbizi au kwa kudhaminiwa na mwenzi. Si wote, wala haurudishi miaka.

Kwa hiyo andika kila mtoto uliyemzaa: aliye hapa na aliye Kigoma, wa ndoa na wa nje ya ndoa, wa miaka 3 na wa miaka 30, anayekuja na asiyekuja. Andika wa kambo na wa kuasili pia. Kuandikwa si sawa na kuwa mtegemezi. Tangu Oktoba 2017, mtoto mtegemezi ni aliye chini ya miaka 22 na asiye na mume wala mke. Aliyepita umri huo huhesabiwa tu ikiwa ugonjwa au ulemavu unamfanya ashindwe kujitegemea. Lakini fomu yenyewe inataka watoto wote.

Wengine huficha mtoto kwa sababu ni mgonjwa. Kama muuguzi hili linaniuma. Watu hudhani mtoto mwenye selimundu ataangusha ombi zima. Kwa waliokwisha kukubaliwa kuwa wakimbizi, na kwa wanaodhaminiwa na mwenzi pamoja na watoto wao, gharama za matibabu si sababu ya kukataliwa. Kipimo chenyewe hufanywa na daktari aliyeidhinishwa na Kanada. Kwa kawaida mkojo hupimwa kuanzia miaka 5, picha ya kifua kuanzia 11, na damu kuanzia 15. Pangeni nauli ya bibi na mtoto mapema.

Jambo moja la haraka kwa mnaoomba mkiwa humu humu nchini. Kupeleka ombi la ukaazi peke yake hakurefushi kibali chako. Omba kuongezewa kibali kabla hakijaisha. Ukifanya hivyo unaruhusiwa kubaki ukisubiri jibu. Kikiisha, una siku 90 za kuomba kurudishiwa hadhi, na katika siku hizo huruhusiwi kufanya kazi.

Mimi ni mwalimu wa Kiswahili, si mwanasheria. Kama umeshakosea kwenye fomu, usirekebishe kwa uongo mwingine: kutoa taarifa za uongo kunaweza kukufungia mlango kwa miaka 5. Nenda kwa mwanasheria au mshauri mwenye leseni, au ulizia Legal Aid Ontario. Usiende kwa yule jamaa wa ukumbini anayejaza fomu za watu kwa dola mia.

Kazi ya nyumbani kwa darasa la wakubwa: kaa na mzazi au bibi kwenye simu, chora ukoo wenu, na kando ya kila jina andika maneno mawili. La kwanza ni unavyomwita. La pili ni ambavyo fomu ingemwita. Mfano: "Kaka Juma, binamu." Ukikuta jina ambalo nyumbani huwa halitajwi, usiliandike kwenye daftari la shule. Mwambie mzazi wako tu kwamba umelisikia. Daftari zije Jumamosi, na aliyekopa kalamu yangu nyekundu airudishe.