JINA LAKO NANI?

Kijana unayepewa karatasi hii, usiikunje kwanza. Isome mpaka mwisho, ni ya kwako.

Hapa Manzese huwezi kutembea toka Tip Top mpaka Darajani bila kusikia mtu anaitwa Jakobo, au James, au Yakubu. Je, wajua kwamba hayo yote ni jina MOJA? Ni jina la Kiebrania, Yaakov. Lilipita kwa Wagiriki na Walatini likafika Uingereza likiwa James. Likapita kwa Waarabu likatua pwani yetu likiwa Yakubu. Ndiyo maana ule waraka ambao Mwingereza anauita wa James, sisi katika Biblia yetu tunausoma Waraka wa Yakobo.

Basi, maana yake nini? KISIGINO! Kiebrania kisigino ni "akev". Yakobo alizaliwa pacha, akatoka mkono wake umeshika kisigino cha kaka yake Esau (Mwanzo 25:26). Na neno lililo jirani na hilo ni kumfuata mtu kwa nyuma ukamzidi kwa hila. Esau mwenyewe alilia akisema jina hilo limemfaa kweli mdogo wake, maana amemzunguka mara mbili (Mwanzo 27:36). Kwanza alichukua haki ya mzaliwa wa kwanza kwa mkate na mchuzi wa dengu. Halafu akachukua baraka. Kwa lugha ya kijiweni, alimwingiza kaka yake mjini.

Sasa sikia. Siku ile ya kuiba baraka, baba yake Isaka alikuwa haoni tena. Akauliza, wewe ni nani? Yakobo akajibu kwamba yeye ni Esau. Alidanganya JINA. Kavaa nguo za mwenzake, kajifunga ngozi za mbuzi mikononi, anajifanya mtu mwingine.

Ndugu yangu, wangapi mjini wanaishi hivyo? Nyumbani mama anamjua kwa jina moja, kijiweni ana lingine, kwa mabinti lingine, na kwa wanaomdai ana la nne!

Ujanja ulimpeleka wapi? Alikimbia nyumbani na fimbo tu mkononi (Mwanzo 32:10), akalala porini, jiwe ndiyo mto wa kulalia. Wewe uliyeshuka basi toka mkoani na begi moja, ukalala chumba kimoja na washikaji wanne, unamwelewa. Akafika kwa mjomba wake Labani, na huko akakutana na mjanja kuliko yeye. Alifanya kazi miaka 7 apewe Raheli, asubuhi akajikuta na Lea! Akaongeza 7 mingine, na 6 ya mifugo, jumla 20. Ujira wake ulibadilishwa mara 10 (Mwanzo 31:41). Kama umewahi kubeba mizigo kutwa, jioni tajiri akakupa nusu ya mlichopatana, Yakobo ni mwenzako.

Wako wataalamu wengi wa lugha wanaoona kwamba mwanzo kabisa jina hili lilikuwa ni dua: Mungu na alinde. Mimi napenda kufikiri kwamba dua hiyo ilikuwa inafanya kazi miaka yote ile, hata alipokuwa hastahili.

Kisha ukafika usiku wa mto Yaboki (leo unaitwa Zarqa, nchini Jordan). Esau anakuja na watu 400. Yakobo yuko peke yake gizani, akashikwa na Mtu, wakashindana mpaka alfajiri. Nyonga ikateguka. Nabii Hosea anasema alilia na kuomba (Hosea 12:4). Akataka baraka, naye akaulizwa swali lile lile la baba yake: JINA LAKO NANI?

Safari hii hakusema Esau. Alisema YAKOBO. Yaani, mimi ndiye yule mshika kisigino, mimi ndiye tapeli. Hapo hapo akapewa jina jipya, Israeli, na baraka aliyoiiba zamani sasa akapewa bure. Akaondoka akichechemea.

Na Mungu hakuona haya. Miaka mingi baadaye alipomtokea Musa alijitambulisha kuwa ni Mungu wa Ibrahimu, wa Isaka, na wa YAKOBO (Kutoka 3:6). Alilibeba jina la tapeli pamoja na lake!

Yesu anakuuliza leo. Hapo ulipo, hata kwenye daladala, sema naye:

"Bwana Yesu, jina langu ni ............... Unajua niliyoyafanya, na niliyemfanyia. Nimechoka kujificha. Nisamehe, nioshe kwa damu yako, unipe jina jipya. Amina."

Ukishaomba, njoo mkutanoni jioni uwaambie wahudumu waliovaa beji, waombe pamoja nawe. Na kama kuna simu ya mtu au fedha ya mtu, irudishe. Yakobo alimpelekea Esau wanyama zaidi ya 500, na alipomsihi apokee aliiita zawadi ile kwa neno lile lile: baraka (Mwanzo 33:11). Esau alimkimbilia, akamkumbatia, wakalia wote wawili.